Sikio la Diwani

"Nimekata kidogo tu! Kidogo hivi, kama ukucha!" Nyangi alikuwa amesimama kwenye lango lake la mabati, kidole gumba kimebana ncha ya kidole cha shahada kuonyesha udogo wenyewe. "Kwani ungerudi ukute kamba peke yake ndiyo ungefurahi?"

"Ningefurahi kukuta sikio!" Kaltum alimjibu. "Nilikuachia mbuzi mwenye masikio mawili, Nyangi. Mawili! Leo nahesabu napata moja na nusu."

"Moja na robo tatu," akasahihisha Filister kutoka upande wa pili wa ua, mswaki ungali mdomoni. Filister hakuwa ameitwa, lakini katika senta ya Masara hakuna ugomvi uliowahi kuanza bila yeye kuwa ameshafika. Alikuwa amevaa kanga na mabuti ya mvua, na povu la dawa ya meno lilikuwa limemkaukia kidevuni kwa jinsi alivyosahau kutema.

"Nyamaza wewe!" wakamwambia wote wawili kwa pamoja, kisha wakageukiana tena.

Katikati yao alisimama mshtakiwa wa kesi, au labda mlalamikaji, maana ilikuwa vigumu kujua. Alikuwa beberu mweusi tii, mnene, na kifuani alikuwa na doa jeupe kama amefungwa kitambaa cha kulia chakula. Alikuwa anatafuna kona ya gunia, hana habari. Sikio lake la kushoto lilikuwa na pengo upande wa chini, pengo safi la nusu duara, limepakwa majivu, limekauka. Kaltum kila alipoliangalia alihisi kama amekatwa yeye mwenyewe.

Walikuwa wamerudi jana jioni kutoka Homa Bay, yeye, mumewe Hemed na binti yao Ayesha, kwenye harusi ya mpwa wa Hemed. Siku nne za kula, kucheza na kusema watu. Mbuzi walimwachia Nyangi kwa kuwa ndiye jirani wa ukuta na ukuta, na kwa kuwa Nyangi, Mkuria mzaliwa wa Kehancha, alikulia katikati ya mifugo kama wengine wanavyokulia katikati ya vitabu. Nani angejua mifugo kumzidi? Ndivyo Kaltum alivyofikiri wakati anafunga safari.

"Sikiliza, Mama Ayesha," Nyangi alisema, akipunguza sauti kidogo. "Jumatatu wezi wameingia kwa Boaz, wakatoa kondoo wawili. Mimi nalala na mbuzi wa watu hapa. Nifanye nini? Nimefanya vile baba yangu angefanya. Nimemtia alama ya kwetu. Ng'ombe, mbuzi, kitu chochote chenye hilo pengo, kuanzia hapa mpaka ng'ambo ya mpaka, mwizi akikiona anajua ni cha nani, anajua watu wa kwetu watamfuata mpaka jikoni kwake. Nimechoma kisu kwa moto kwanza. Nimepaka majivu. Hata hakulia sana. Hiyo ni heshima nimekupa, sikumkatia kila mtu!"

"Huyu si wa kutembea mpaka mpakani! Huyu ni wa Idd! Jumapili hii! Mnyama wa Idd hatakiwi kasoro. Si kilema, si chongo, si sikio limekatwa!"

Hilo Nyangi hakulijua, na uso wake ulionyesha hakulijua. Lakini alikuwa ameshapaza sauti mbele ya Filister, na mtu akishapaza sauti mbele ya Filister hawezi kushuka hivi hivi.

"Sasa mimi nitajuaje mambo ya msikitini? Uliniambia chunga, nikachunga. Mbuzi si yupo? Wa Boaz wako wapi?"

Hapo ndipo Kaltum aliposema neno ambalo baadaye alitamani lingemkwama kooni.

"Labda hao wezi ni watu unaowajua vizuri, ndiyo maana unajua wanachoogopa!"

Hata Filister aliacha kupiga mswaki. Masara ilikuwa na watu wa kila namna, Wajaluo, Wakuria, Wakisii, na watu kama Kaltum mwenyewe waliotoka Mumias, na kila kabila lilikuwa na tusi lake ambalo watu wenye adabu hawakulitamka. Hili la wizi wa mifugo ndilo lilikuwa la Wakuria. Nyangi aliinama, akafungua fundo la kamba, akaiweka mkononi mwa Kaltum taratibu kama mtu anayerudisha kitu alichoazima, akaingia ndani. Lango la mabati likafungwa bila kupigwa. Afadhali angelipiga.

"Yawa," Filister alishangaa kwa Kijaluo, kwa sauti ya chini, akatema.

* * *

Ili mtu aelewe kwa nini mwanamke mzima anaweza kumtukana jirani mwema kwa sababu ya kipande cha sikio, inabidi ajue habari ya mfuko wa nailoni.

Kaltum na Hemed walikuwa wamekaa Masara miaka sita. Hemed alikuwa fundi cherehani, mtu mpole wa kushinda na pini mdomoni, na cherehani yake ilikaa kwenye baraza ya duka la Hamud. Hamud alinunua dhahabu kutoka kwa wachimbaji, na alikuwa mwenyekiti wa kamati ya msikiti, ule wa mabati karibu na kinu cha kusaga mawe. Kila Idd kubwa Hamud alichinja. Na kila Idd kubwa, baada ya swala, msichana wa kazi wa Bi Fardowsa, mke wa Hamud, alibisha hodi kwa Kaltum akiwa na mfuko wa nailoni wenye nyama.

"Mama amesema mpike mle," msichana alisema. "Amesema ni fungu la maskini."

Hakuwa na ubaya, maskini ya Mungu, alisema alivyotumwa. Na hakuna uongo ndani yake, dini yenyewe imesema maskini wapewe. Lakini neno hilo lilisemwa mlangoni, kwa sauti, Filister akiwa anaanika nguo, na kwa miaka sita Kaltum alilipokea kwa mikono miwili na kusema ahsante. Nyama yenyewe ilikuwa shingo na mbavu. Paja hakuwahi kuliona.

Kisha mtu mmoja wa Macalder, aliyeshonewa sare za watoto wake wanne, akamletea Hemed mwanambuzi mweusi badala ya malipo. Kaltum alipomwona tu akasema, "Huyo ndiye." Alihesabu miezi. Mbuzi wa Idd anatakiwa awe amefika umri, na huyu angefika kabla tu ya Idd ya mwaka tisini na sita. Mwaka huo nyumba ya Hemed ingechinja. Mwaka huo nyumba ya Hemed ingetoa.

Tabu ni kwamba miaka miwili ni mingi kuishi na chakula chako.

Mbuzi alizoea nyumba. Alizoea senta nzima. Kila asubuhi alipita mlango kwa mlango akisimama kimya mpaka apewe kitu, akishapewa anaondoka bila shukrani, na hakuna kazi yoyote aliyowahi kumfanyia mtu. Wachimbaji wakamwita Diwani, na jina likashika. Alikula utepe wa kupimia wa Hemed mpaka kwenye inchi kumi na nane. Alikula upindo wa gauni la bibi arusi. Alikula daftari la hesabu la Ayesha, na mwalimu alipoambiwa hakuamini mpaka Diwani alipoletwa shuleni mwenyewe akajaribu kula na rejista.

Kaltum alimpiga na ufagio kila siku, na kila siku alimwekea maganda ya viazi kabla hajawasha jiko. Kama mtu angemuuliza angesema anamnenepesha. Hemed ndiye aliyeharibika kabisa. Alikuwa anamwamkia Diwani kabla ya kumwamkia mkewe. Mchana Diwani alilala chini ya cherehani, na Hemed alijifunza kukanyaga pedali kwa upande asimguse.

"Hemed, huyo ni chakula," Kaltum alimwambia mara nyingi.

"Najua," Hemed alijibu. "Lakini usiseme mbele yake."

* * *

Siku hiyo hiyo, Alhamisi, kabla ya adhuhuri, Kaltum alimkokota Diwani mpaka kwa Maalim Noor, aliyefundisha watoto madrasa na kusalisha watu. Maalim Noor alikuwa mzee mfupi mwenye macho mabovu. Alilishika sikio, akalikaribisha usoni, akalipapasa pengo kwa kidole.

"Lingepasuliwa tu bila kutoka kitu, ningekwambia chinja bila wasiwasi," alisema. "Lakini hapa kipande kimetoka, mwanangu. Kiko wapi?"

"Kuku wa Nyangi amekimeza."

Maalim alijitahidi asicheke, akashindwa, akajifuta macho kwa ncha ya kilemba. "Basi. Kwa udhiya ya Idd hafai. Usihuzunike. Haikulazimishwa kwa asiyekuwa na uwezo."

"Nilikuwa na uwezo, Maalim. Uwezo ndio huyu nimeushika kwa kamba."

"Naona."

"Na nikimchinja tu? Nikasema ni chakula cha siku ya Idd, nikaita watu wakala? Dhambi iko wapi?"

"Hakuna dhambi. Hiyo ni sadaka kama sadaka nyingine. Bora usiiite jina lisilo lake." Maalim aliliachia sikio. "Lakini watu watasema."

"Watu wa Masara wakinyamaza ndipo nitaogopa," Kaltum alisema.

Maneno yalikuwa makubwa kuliko yeye. Njiani kurudi, mvua ikimnyeshea, miguu ilimwuma na kamba ilimkata kiganja. Mvua ya masika mwaka huo ilikuwa imejaza mashimo. Wachimbaji walikaa vibarazani wamekunja mikono, wanaangalia maji, na mama ntilie wawili walikuwa wameshazima majiko kwa kukosa wateja. Diwani alipita kwenye milango yake ya kila siku akasimama, na kwa mara ya kwanza milango mingi haikumpa kitu.

Jioni Hemed alimkuta mkewe ameketi kizingitini akimwangalia mbuzi. Akakaa kando yake.

"Mimi naona," alianza, akitazama pembeni, "kama hafai, basi hafai. Ameponyoka. Labda Mungu mwenyewe amemwokoa."

"Amemwokoa kwa kisu cha Nyangi?"

"Mungu hakosi njia."

"Hemed, nitazame. Unataka nisubiri mfuko mwaka wa saba?"

Hemed alinyoosha mkono akamkuna Diwani katikati ya pembe, mahali alipopenda.

* * *

Masara haina gazeti na haijawahi kulihitaji. Ijumaa, baada ya swala, kila mtu alijua. Walijua mbuzi amekatwa sikio, walijua Maalim amesema nini, walijua Kaltum amemwita Nyangi mwizi, na wengine walijua hata mambo ambayo hayakutokea. Kaltum alikuwa amempelekea mumewe chai kwenye thamosi, na alikuwa bado anammiminia, Hamud alipotoka dukani akiwa na kanzu nyeupe iliyopigwa pasi mpaka inakata.

"Hemed, nimesikia habari ya mnyama wenu," alisema. Alikuwa na sauti nzuri ya mtu aliyezoea kusikilizwa. "Msisononeke. Mungu amewapunguzia mzigo. Mlete kwangu huyo beberu, vijana wangu wa mashimoni wamle, wana njaa na mvua hii. Nanyi Jumapili mtaletewa fungu lenu kama kawaida."

Hemed alikuwa na pini tatu mdomoni. Zilitikisika.

"Ahsante, Bwana Hamud," Kaltum alisema, akifunga thamosi. "Lakini vijana wako wakiwa na njaa waje kwangu wao wenyewe. Nyumba wanaijua. Mbuzi hatoki."

"Mtamfanya nini? Hafai."

"Hafai udhiya. Pilau anafaa. Nitamchinja Jumapili."

Hamud alitabasamu kama anayemsikiliza mtoto. "Mama Ayesha, mambo haya si ya kushindana. Siku ya Idd, uchinje kilicho na kasoro, uite na watu? Watu watasema mnachezea dini."

"Nimeshamuuliza Maalim. Siiti udhiya. Naiita chakula. Nitamlisha Mwislamu, nitamlisha wa kanisani, nitamlisha yule anayetambikia mizimu, ili mradi ana mdomo. Na atakayeniuliza sikio liko wapi, nitamwambia alitafute kwenye sahani yake, akilikosa anywe mchuzi."

Wachimbaji waliokuwa kibarazani walicheka. Hilo ndilo lililoharibu. Hamud angeweza kustahimili maneno, lakini si kicheko, na si mbele ya watu wanaomuuzia dhahabu. Tabasamu likamtoka. Hakumtazama Kaltum tena. Alimtazama mumewe.

"Hemed, mkeo anasema sana. Hii baraza ni yangu na nimekupa kwa heshima. Sitaki kelele hapa. Fikirieni mpaka Jumapili. Mbuzi aje kwangu, au cherehani itafute mahali."

Akarudi dukani. Kaltum alimgeukia mumewe, akangoja. Hemed alitoa pini mdomoni, moja, ya pili, ya tatu, akazichoma kwenye mto wake mdogo. Kisha akainamia suruali aliyokuwa anaipunguza kiuno, akakanyaga pedali.

Kaltum alikwenda nyumbani bila thamosi yake. Usiku huo hakumsemesha mumewe, na asubuhi ya Jumamosi alimpa uji bila sukari. Alipokuwa peke yake alijaribu kuwaza vizuri. Baraza ile ndiyo iliyowalisha. Akiendelea na kiburi chake na Hemed akakosa mahali pa kushona, Ayesha atakula nini, maneno? Na Hemed mwenyewe, aliyekuwa anamwonea mbuzi huruma kuliko alivyojionea mwenyewe, alikuwa na haki ya kuulizwa. Hakumuuliza. Alikuwa amemsemea mume, mbuzi na Masara nzima kwa pumzi moja. Upande wa pili wa ua lango la Nyangi lilikuwa limefungwa tangu Alhamisi, na hakuna mtu aliyekohoa huko kwa namna ya kujibiwa.

Saa nane mchana alisikia gurudumu likilia njiani. Akatoka.

Hemed alikuwa anasukuma wilbaro kwenye matope, amelowa mpaka kwenye kope. Juu ya wilbaro, imefunikwa karatasi ya plastiki, ilikuwa cherehani. Diwani alikuwa nyuma yake, anafuata kama msindikizaji wa msiba.

"Kimetokea nini? Amekufukuza?"

"Hajanifukuza," Hemed alisema, akihema. "Nimehama kabla sijahamishwa. Nimemwambia Hamud, ahsante kwa miaka sita, nimeondoka na vitu vyangu, na mke wangu husema sana kwa sababu mimi husema kidogo. Kila nyumba ina kipimo chake."

Kaltum alishika ncha ya shungi lake, akamfuta mumewe maji usoni.

"Nitashona hapa mlangoni," Hemed aliendelea, kana kwamba anazungumzia hali ya hewa. "Mwenye suruali iliyochanika atanifuata, hawezi kutembea hivyo. Nisaidie kushusha. Pole pole, mguu huo una ufa."

Waliiweka cherehani chini ya ukingo wa paa. Hemed akafuta gurudumu lake kwa fulana yake mwenyewe, akakaa juu ya debe, akamwita Diwani, na Diwani akaja akalala kwenye nafasi yake chini ya pedali. Wakakaa hivyo wote watatu wanaangalia mvua.

"Unaweza kumwacha," Kaltum alisema mwishowe. Ilimtoka bila kupanga. "Kama moyo wako haukubali. Mimi nitajua la kuwaambia watu."

Hemed alifikiri. Alifikiri muda mrefu, mkono uko katikati ya pembe.

"Watu hawajala vizuri wiki mbili," alisema. "Umeshawaita. Na Maalim alisema sadaka. Mimi sitaki kutoa sadaka kitu ambacho hakiniumi." Akainuka. "Kisu kiko wapi? Nataka nikakinoe kule nyuma. Asikione."

* * *

Jumapili mvua ilikatika alfajiri. Waliswali, wakapeana mikono, wakatawanyika. Hemed alirudi nyumbani na kanzu yake moja, akaivua, akaikunja. Alimpa Diwani maji. Alimpa na mahindi kiganjani, ambayo kwa kawaida ilikuwa marufuku. Kisha akamwongoza nyuma ya nyumba, na Kaltum, aliyepigana na watu watatu kwa ajili ya siku hiyo, hakuweza kwenda kuangalia. Aliingia jikoni, akaanza kupangua sufuria zilizokuwa zimepangwa vizuri, akazipanga tena, kwa kelele nyingi kadiri iwezekanavyo.

Diwani hakushindana. Hemed alimlaza kwa mkono wake, akamgeuza kibla, akataja jina la Mungu, na mnyama alilala kwa sababu aliyemlaza alikuwa Hemed. Hilo ndilo lililomwuma Hemed zaidi, alisema baadaye. Angempiga teke hata moja.

Alipoingia jikoni na karai la nyama macho yake yalikuwa mekundu. Mkewe alimwangalia, akachukua karai, akamwachia bilauri ya chai yenye sukari ya kutosha watu wawili.

Kufikia saa sita harufu ya pilau ilikuwa imefika mashimoni. Ingekuwa siku nyingine watu wangesubiri kuitwa mara ya pili, wajifanye hawana haja. Wakaja. Walikuja wachimbaji na mabuti yao ya matope, wakayavua mlangoni mpaka yakawa rundo. Akaja Boaz aliyeibiwa kondoo, na mapapai mawili chini ya kwapa. Akaja Emmaculate, kutoka kanisani moja kwa moja, bado na joho la kwaya, akauliza kama nyama ya Waislamu ina masharti, akaambiwa sharti ni kunawa mikono. Filister alileta sufuria yake kubwa, na pamoja na sufuria maoni yake juu ya chumvi. Wengine walikaa kwenye mkeka, wengine juu ya magunia, wawili wakakalia wilbaro.

Kwanza hapakuwa na raha kamili. Watu walitazamana. Maneno ya Hamud yalikuwa yamefika kabla ya sahani, na wale wa msikitini walikaa pembeni wakisubiri mtu mwingine aanze. Ndipo Maalim Noor akatokea na fimbo yake, akaingia bila hodi, akaketi katikati ya mkeka, akavuta sinia kwake.

"Bismillahi," alisema. "Mbona mnanitazama? Mimi ni mtu mzima, kula nimeshajifunza."

Basi ikawa ni mikono tu. Nyumba ilijaa mpaka Ayesha akapitisha maji kupitia dirishani. Kaltum alisimama mlangoni na upawa, amelowa jasho, shungi limekaa upande, na kwa mara ya kwanza tangu wahamie Masara alipata kumwambia mtu, "Ongeza, ongeza, usinidharau." Kutoka kwa Hamud hakukuja fungu mwaka huo, na katika nyumba ile hakuna aliyeliulizia.

Lakini kila alipogawa alihesabu vichwa, na kila alipohesabu kimoja kilipungua.

"Mwenzako amejifungia," Filister alimnong'oneza, mnofu mdomoni. "Nimepita asubuhi. Amesema yeye hawezi kula, asije akaambiwa ameiba."

Hemed alisikia. Alichagua sahani nzuri, ile ya maua. Akaijaza pilau, akaweka juu ini na kipande cha paja.

"Mpelekee," alimwambia mkewe.

Kaltum aliipokea sahani, akafunika kwa kawa, akatoka nayo. Alifika kwenye lango la mabati. Akainua mkono kubisha, na hapo akajisikia mwenyewe kooni, maneno yameshajipanga tayari, kwa sauti ya mtu mwingine kabisa, ile ya mleta mfuko wa nailoni: *Nimekuletea, upate na wewe kidogo.* Akasimama. Kisha akageuka, akarudi mpaka nyumbani, akamkabidhi Emmaculate sahani, na akatoka tena mikono mitupu.

Nyangi alikuwa uani kwake, amechuchumaa mbele ya karai la mchanga aliokuwa ameuchota kabla mashimo hayajajaa. Alikuwa anauzungusha na maji polepole akitafuta chembe ing'aayo. Hakuinua uso.

"Umeleta nini?" aliuliza.

"Sijaleta kitu."

"Basi umekuja kuchukua nini? Kuku wangu wako pale. Wahesabu."

"Nimekuja kukuita."

"Mimi si mtu wa kuitwa. Mimi najuana na wezi."

Kaltum alivuta pumzi. Kuomba radhi hakukuwa kipaji chake. Alipojua atalazimika, aliona afadhali afanye kama anavyofanya kila kitu, kwa sauti. Akageukia ua.

"Filister!"

"Naam!" likaja jibu papo hapo, karibu kuliko ilivyostahili.

"Unasikia?"

"Nasikia, yawa! Sema tu!"

"Neno nililomwambia Nyangi Alhamisi lilikuwa neno baya na la uongo! Nimelisema mbele yako, likafika kila nyumba. Nalirudisha mbele yako. Na lenyewe ulifikishe kila nyumba, kwa mwendo ule ule!"

"Nitafikisha!" Filister alisema, na sauti yake ilionyesha ameshaanza.

Nyangi aliacha kuzungusha karai. Alilitazama lile tope kwa muda, kama ndani yake kuna kitu kimeandikwa.

"Lakini sikio nililikata vizuri," alisema.

"Ulilikata vibaya! Ungelipasua tu! Nani alikwambia utoe kipande?"

"Lilipona siku tatu. Halikutoa hata usaha. Mwulize Boaz, yeye ndiye alimshika."

"Boaz yupo kwangu, amekula sahani tatu, hawezi kusema."

"Tatu?" Nyangi aliinua uso.

"Na ile sufuria ya pili imebaki ya chini tu. Wewe kaa hapo na mchanga wako."

"Mbuzi ana sikio la baba yangu, halafu wanamla wote bila mimi?" Nyangi alisimama, magoti yakalia. Akafuta mikono kwenye kanga, mbele na nyuma. "Mimi sijasamehe, Mama Ayesha. Nataka ujue hivyo."

"Nani amekuuliza? Utasamehe ukishashiba, au usisamehe, kazi ni kwako." Kaltum alikuwa ameshafika langoni, amelisukuma wazi kwa mgongo, amelishikilia. "Miguu utaoshea pale mlangoni, ndoo ipo. Kisha usikae nje na wale wa mabuti. Ingia ndani kabisa, ukae kwenye mkeka karibu na Maalim, tule."